Pumzi Chini ya Ngozi

Kidole kilichokufa hakina pumzi. Alawi alilijua hilo kama alivyojua jina lake, kwa hiyo mashine ilipoandika kumi na moja aliigonga ubavuni kwa kiganja, akangoja. Kalamu ilitikisika juu ya karatasi ya mistari, ikayumba kidogo, ikarudi palepale. Kumi na moja.

"Kibibi," aliita kupitia pazia, "kifungo umekiweka wapi?"

"Kwenye kidole gumba, shemeji. Hiki cheusi."

"Jana kidole hicho kilisoma sifuri."

"Na leo si sifuri. Sasa nikiondoe? Harufu inanikaba roho."

"Mwache mkwe wangu afanye kazi yake," ilisema sauti nyingine, ya mwanamke mzee aliyezoea kutawala nyumba. "Mkwe! Hiyo mashine yako leo inasemaje? Inanitukana?"

"Inasema kumi na moja, mama."

"Kumi na moja nini? Embe?"

Kibibi alicheka, kisha akakohoa, kisha Alawi akamsikia akitema mate ndani ya kopo.

Ilikuwa mwaka wa sabini na tisa. Vita vilikuwa vimekwisha, na sabuni nayo imekwisha, na sukari, na petroli. Bimdogo alikuwa amelala kwenye kitanda chake cha besera, cha nguzo nne, katika nyumba ya mawe ya wazee wake pale Bagamoyo, na mguu wake wa kulia ulikuwa unaoza. Kisukari kilikuwa kikimla kwa miaka; kisha msumari wa kubadhi, kiatu chake cha ngozi, ukamchoma kisigino bila mwenyewe kuhisi. Baada ya miezi mitatu kidonda kilikuwa kimefika mfupani, kidole gumba kimekauka kama tende, na usaha uliotoka ulikuwa na rangi ya uji wa mtama uliolala.

Alawi, mkwewe, alikuwa daktari. Alisoma Chuo Kikuu, akapelekwa Ulaya miaka miwili kujifunza jambo moja tu: kupima hewa ya damu kupitia ngozi, bila kumchoma mtu sindano. Alirudi na mashine yenyewe, sanduku zito lenye waya, na mwisho wa waya kulikuwa na kidude cha madini cha mviringo kisichozidi kifungo cha koti. Hicho hupata moto, nyuzi arobaini na nne, damu ikaja juu. Hewa iliyomo katika damu hupenya ngozi, ikapenya utando mwembamba uliovikwa kifungo, na mashine ikaihesabu. Ngozi ya mtu mzima husoma sitini, sabini. Ikisoma arobaini, kidonda cha hapo kitapona. Chini ya ishirini hakiponi, na kisu kikipita hapo, jeraha la kisu nalo litaoza.

Mapenzi yake kwa nambari hizo hayakutoka kwenye elimu. Miaka mitatu nyuma mkewe Mwanaharusi, binti mkubwa wa Bimdogo, alikatwa mguu chini ya goti; jeraha likaoza. Akakatwa juu ya goti, likaoza. Akakatwa mara ya tatu, akafa. Hapakuwa na aliyejua mahali pa kukata. Bimdogo alipoipokea maiti alisema, "Mmeniletea mwanangu nusu."

Sasa kidonda kilikuwa chake. "Nipime," alimwambia Alawi. "Ukipata nambari ya kupona, nitibu humu humu ndani. Usipoipata, niache nife na miguu yangu miwili." Na sharti la pili: mkwe haoni mguu wa mama mkwe. Kwa hiyo kanga mbili zilishonwa zikawa pazia, zikatundikwa kati ya kitanda na meza ya mashine. Kibibi, mdogo wake Mwanaharusi, akafundishwa kubandika kifungo, na Alawi akakaa upande wa huku akisoma nambari za mguu asiouona. Walipima saa saba mchana, kwa kuwa ndiyo saa ambayo umeme wa mji ulitulia, na kwa kuwa vipimo vya kulinganishwa sharti vifanywe saa ileile kila siku.

Kwanza, kila siku, Alawi alikibandika kifungo kwenye mkono wake mwenyewe wa kushoto, juu kidogo ya kifundo, apate nambari ya mwili wenye afya. Katika daftari safu hiyo haikuwa na jina la mtu. Iliandikwa "Ulinganisho".

Kitu kimoja tu kilikuwa kimebadilika tangu jana. Kati ya ngozi na kifungo lazima pawe na matone ya maji maalumu, yaliyokuja na mashine katika kichupa, na kichupa kilikuwa kimeanguka asubuhi ile kikavunjika sakafuni. Kuagiza kingine ni miezi sita. Kibibi ndiye aliyeleta mrashi wa fedha wa mama yake.

"Marashi ya mawaridi, shemeji. Si maji haya?"

Alawi alikuwa amefikiri. Ni mvuke wa mawaridi uliokingwa ukapoa. Usafi wake haukuwa na shaka. "Maji ni maji," alisema. Alijidondoshea matone matatu mkononi, akapata sitini na sita kama kawaida yake, akampa Kibibi kifungo na mrashi kwa chini ya pazia. Na sasa kidole kilichokufa kilisoma kumi na moja. Aliandika, akaweka alama ya kuuliza pembeni.

Kwa sababu moto wa kifungo huacha duara nyekundu kwenye ngozi, ndogo, isiyouma, kila siku kilibandikwa mahali papya, juu kidogo ya pale pa jana. Siku ya pili ya marashi, kando ya kidonda, ishirini na nane. Siku ya tatu, kwenye mgongo wa mguu, arobaini na mbili.

Alawi aliitazama kalamu mpaka macho yakamwasha.

"Mama," alisema. "Arobaini na mbili."

"Ndiyo nambari yenyewe?"

"Ndiyo yenyewe."

"Alhamdulillahi. Kibibi, mpe mkwe wangu kahawa. Na mimi nipe mayai."

"Ya kuchemsha, mama?"

"Mabichi. Na maganda yake."

Siku ya nne harufu ilibadilika. Kidonda kinachopona hupunguza kunuka, hiki kilizidi. Uvundo wa zamani ulikuwapo, ule wa utumbo wa samaki uliosahaulika kapuni, lakini sasa waridi lilikuwa limepanda juu yake, na harufu hizo mbili hazikuchanganyika, zilikaa moja mgongoni mwa nyingine. Zilimfuata Alawi barazani. Zilikaa kwenye shati lake. Jioni alipoutia mdomoni wali wake alikuta ladha ya waridi katikati ya tonge, akalitema, akaisukuma sahani.

Siku hiyo kifundo cha mguu kilikuwa kimesoma sitini na tisa. Zaidi ya mkono wake yeye.

"Shemeji," Kibibi alinong'ona. Mama yake alikuwa amesinzia. "Inzi hawatui tena."

"Si heri?"

"Juzi nilikuwa nawafukuza kwa upepeo, mkono unauma. Leo wote wako ukutani. Hawashuki. Ameshuka mmoja tu."

"Basi wanatua."

"Hakutua. Aliingia."

"Akatoka?"

Alawi alimsikia Kibibi akivuta shuka kuufunika mguu.

Siku ya tano kalamu ilipita mia moja, ikaenda mia na kumi na nane. Alawi alijua maana yake. Hakuna ngozi ya mtu avutaye hewa ya kawaida inayofika huko, kwa kuwa damu yenyewe haifiki huko. Hewa ya chumbani ndiyo isomayo mia na hamsini na mbili. Basi kifungo kimelegea na upepo unaingia.

"Kaza plasta, Kibibi."

"Nimekaza, shemeji."

"Kaza tena."

"Shemeji, wallahi, plasta nimeshaiondoa. Sikishiki mimi. Kinashikwa."

Hapo ndipo alipousikia mlio. Ulikuwa mdogo na wa majimaji, wa kufyonza na kuachia, kufyonza na kuachia, kama mtu anayelimaliza embe akiwa peke yake gizani, na ingawa Alawi alikuwa amekaa miaka mingi katika wodi za vidonda, na mikono yake ilikuwa imeshika kila kinachoweza kutoka ndani ya mtu, alihisi mate yakimjaa mdomoni, mate ya kutapika, akayameza, na yalipopita kooni yalikuwa na ladha ya waridi.

Kibibi alikirudisha kifungo kwa chini ya pazia akikishika kwa ncha mbili za vidole. Kilikuwa kimefunikwa ute mzito wa kijivu uliovutika kama bamia. Utando wake, ambao huvikwa kwa ndani ukakazwa kwa duara ya mpira, ulikuwa umefyonzwa nje ukaning'inia, umetafunwa pembezoni.

Alawi alikisafisha kwa spiriti, akakivika utando mpya. Aliandika: *kasoro ya kifungo?* Chini yake aliandika: *mgonjwa anahema, moyo?* Maana Bimdogo, aliyekuwa akitukana mtaa mzima bila kupumzika, sasa alikata kila sentensi vipande viwili ili avute pumzi. Alimpa vidonge. Nambari zilikuwa nzuri mno asiweze kuziacha, na tena, ingawa hili hakuliandika, upande wa pili wa pazia kulikuwa na sauti ya Kibibi. Yeye na marehemu dada yake walikuwa na sauti moja. Kila siku Alawi aliomba wapime tena kesho, asikie tu, "Nimeweka, shemeji."

Siku ya sita, mia na arobaini.

Siku ya saba alifika, akawasha mashine, akajipima, akaandika sitini na tano katika safu ya Ulinganisho. Mama mkwe alikuwa akikoroma kwa shida. Alikipitisha kifungo chini ya pazia, nacho kikapokewa na vidole vilivyolowa.

"Nimeweka."

Kalamu ilipanda. Ilipita mia, ikapita mia na hamsini na mbili ambayo ni hewa yenyewe, na hapo Alawi akasimama, kwa kuwa upepo wowote unaoingia chini ya kifungo hauwezi kuzidi upepo wa chumba, na kalamu ikaenda mia na sabini, mia na tisini, halafu ikaanza kushuka, ikapanda tena, ikashuka, mstari laini wa vilima vilivyolingana, na alipoitazama saa yake na kuvihesabu vilikuwa kumi na sita kwa dakika, ambayo ni hesabu ya mtu aliyelala usingizi wa raha, wakati Bimdogo nyuma ya kanga alikuwa anahema mara arobaini.

"Kisogeze juu kidogo," alisema.

"Nimesogeza."

Alisikia kuwa neno "shemeji" halikusemwa. Alilipenda pengo hilo. Alikuwa bado analisikiliza, mlango wa uani ukalia, Kibibi akaingia, kapu kichwani, jasho likimchuruzika.

"Nisamehe, shemeji, nilikuwa foleni ya unga tangu saa mbili. Umeshaanza? Na nani?"

Alawi alilivuta pazia, uzi wake ukakatika, kanga zikaanguka.

Hapakuwa na mtu kitandani ila Bimdogo, chali, macho yamefumba, midomo ina rangi ya zambarau. Shuka lilikuwa limefunuliwa mpaka gotini. Kwenye mguu, kutoka kidoleni kwenda juu, palikuwa na duara saba za kifungo, na hazikuwa zimepona. Kila moja ilikuwa imefunguka ikawa na kingo nene, za waridi, zenye unyevu, zinazojikunja na kujikunjua, na kila zilipojikunjua uvundo ulitoka, na kila zilipojikunja inzi waliokuwa ukutani walivutwa kidogo kuelekea kitandani, mabawa yao yakitetemeka, wakijishikilia kwenye chokaa. Duara ya saba, chini tu ya goti, ndiyo iliyokuwa imekishika kifungo. Ilikuwa inakinyonya kama mtoto anyonyavyo titi, kwa utulivu, ute ukishuka pande zote mbili. Kile kidonda kikubwa cha kisigino, mama wa vyote, kilikuwa kimejilamba kikawa safi, hakina usaha hata tone. Ndani yake palionekana mfupa mweupe, na miguu ya inzi imepangwa juu yake kama nywele.

Kibibi hakupiga kelele. Aliliweka kapu chini, akatapika ndani ya unga wa foleni nzima, akajifuta mdomo.

"Naenda Kaole," alisema. "Kwa Bi Mwajabu. Na wewe usinizuie na Uzungu wako."

Bi Mwajabu alifika kabla ya alasiri amepakiwa nyuma ya baiskeli, mwanamke mfupi mwenye tambuu shavuni, aliyekuwa akipunga pepo tangu kabla ya Uhuru. Aliutazama mguu, akaitazama mashine, akatema tambuu yake nje ya dirisha, jambo ambalo Kibibi alisema baadaye hajapata kumwona akilifanya.

"Nani amemkalisha huyu?"

"Hakuna aliyemkalisha, mama," Alawi alisema. "Nilikuwa napima."

"Ulikuwa unapima. Saa ngapi?"

"Saa saba."

"Jua la utosi. Kila siku?"

"Saa ileile. Lazima iwe ileile."

"Lazima, ndiyo. Siku ngapi?"

"Saba."

"Na hiki cha duara unamvisha. Cha moto?"

"Nyuzi arobaini na nne."

"Na unakipaka nini?"

Alawi aliutazama mrashi wa fedha juu ya meza. "Marashi," alisema. "Matone matatu."

"Na jina la mgonjwa umeandika?"

"Kila siku."

Bi Mwajabu alikaa juu ya kiti cha Alawi kama aliyechoka. "Mwanangu, mimi nikitaka kumweka jini kwenye kiti chake nafanya hayohayo. Saa ileile, siku saba, pete, moto, waridi, jina. Ila mimi nafukiza udi kwanza nikamuuliza mwenye mwili kama anataka. Wewe hukupiga hata hodi."

Aliwasha chetezo. Akaikaribia miguu ya kitanda, akasema kwa sauti ya mtu anayemuuliza mpangaji, "Wewe ni nani?"

Bimdogo hakufumbua mdomo. Zile duara saba zilisema, kila moja neno lake, kutoka chini kwenda juu, na sauti ilikuwa na povu.

"Sikuja. Nimeitwa. Njaa. Kisimani. Miaka. Nikasikia. Waridi."

"Unakula nini? Nyama?"

"Nyama. Yenu. Inanuka. Nakula. Pumzi. Tu. Tamu."

"Utatoka?"

Duara zilijikunja zote kwa pamoja, na moshi wa chetezo ukavutwa ndani yake, ukapotea. "Nitatoka. Mguu. Huu."

Bi Mwajabu alikunja uso. Alichukua uzi uliosokotwa kwa rangi tatu, nyeusi, nyeupe na nyekundu, akaufunga juu ya goti mara saba, akaukaza mpaka nyama ikaingia. Kisha akamgeukia Alawi.

"Hapandi kupita hapa mpaka kesho saa saba. Ikifika saa hiyo na mguu bado uko mwilini, pumzi ya huyu mama imekwisha. Ukatwe. Tena mimi nikauzike." Akamtazama usoni. "Mguu huu, amesema. Kwa nini aseme *huu*? Kuna mwingine aliyepakwa marashi haya akavishwa hii pete yako?"

Alawi alikumbuka daftari. Aliona safu ya jina la Bimdogo, vipimo saba vya marashi. Ile safu nyingine haikuwa na mtu.

"Hapana," alisema.

Bimdogo alikuwa amefumbua macho. Alikuwa amesikia kila neno.

"Alawi," alisema. Hakuwa amewahi kumtaja kwa jina. "Njoo huku. Aibu imekwisha." Alivuta pumzi. "Mwanangu mlimkata mara tatu. Mimi mnikate mara moja. Niambie wapi."

Kwa ruhusa ya Bi Mwajabu, kwa bismillahi, kwa maji ya mvua yaliyochemshwa, Alawi alikibandika kifungo kwenye paja la mama mkwe wake, juu ya uzi, kwa mkono wake mwenyewe. Aliungoja mstari dakika ishirini. Ulitulia kwenye arobaini na nne, haukuyumba.

"Hapa, mama. Hapa patapona."

"Una hakika?"

"Nina hakika."

"Basi tafuta gari."

Walipata Landrova ya Mbaruku, mvuvi aliyekuwa amefukia pipa la petroli uani kwake, wakaondoka asubuhi kwenda hospitali kuu. Njiani, walipofika Kerege, gurudumu la nyuma likapasuka. Mbaruku alibadilisha akitukana na kuomba radhi kwa zamu, jua likipanda, na nyuma ya gari, chini ya kaniki waliyoufunikia mguu, nguo ilianza kuingia na kutoka, kuingia na kutoka, mahali saba. Midomo ya Bimdogo iligeuka samawati. "Mkwe," alisema kwa shida, "huyo anayenyonya... mwambie... titi langu limekauka zamani." Kibibi akacheka na kulia pamoja.

Waliingia chumba cha upasuaji saa sita na nusu. Msumeno ulipomaliza, saa ya ukutani ilikuwa haijafika saa saba. Daktari aliyekata hakusema kitu mpaka aliponawa. Nyama ya chini ya uzi, alisema, ilikuwa imejaa mapovu. Ukiikata inatoa povu la waridi kama sabuni, na povu linanukia. Muuguzi alikuwa ametapika ndani ya barakoa yake. Lakini nyama ya juu ya uzi ilitoa damu nyekundu, safi, na Bimdogo alivuta pumzi moja ndefu akiwa bado usingizini, ya kwanza kwa siku nne.

Bi Mwajabu aliuzika mguu karibu na magofu ya Kaole, ndani ya chungu kilichozibwa kwa lami. Jeraha la Bimdogo lilifunga kwa wiki tatu. Kufikia mwezi wa pili alikuwa akitembea barazani kwa magongo, akiwatukana wapita njia kwa sentensi nzima nzima.

"Mguu mmoja," alimwambia Alawi, "na bado nawatangulia mawaziri wenu."

Alawi aliifungia mashine sandukuni. Alirudi nyumbani kwake, katika chumba alichokaa peke yake miaka mitatu. Kati ya zile duara saba ambazo kifungo kiliziacha kwenye mkono wake wa kushoto, sita zilikuwa zimepotea. Moja ilibaki. Aliipaka dawa ya manjano, akaifunga bendeji. Iliponuka alisema ni joto. Iliponukia waridi alibadilisha bendeji bila kuitazama. Alianza kupumzika katikati ya ngazi ya ofisini, mkono ukutani, akihesabu pumzi zake. Zilikuwa ishirini na nane kwa dakika.

Siku moja ya Ijumaa, saa saba, alikaa juu ya kitanda akaifungua bendeji. Ililia ilipobanduka. Duara ilikuwa imefunguka, ina kingo nene, na ndani yake palikuwa na kitu cha kijivu kilichosogea kama ulimi unaotafuta mabaki ya chakula kwenye meno. Uvundo ulimpiga usoni. Alijua kila hatua ya kufanya: uzi wa rangi tatu, msumeno, mahali pa kukata, nambari yake. Kaole haikuwa mbali, na baiskeli ilikuwa mlangoni.

Duara ilijikunjua.

"Nimeweka," ilisema.

Haikuwa sauti ya povu. Ilikuwa sauti aliyoisikia upande wa pili wa pazia siku ile Kibibi akiwa foleni, na sasa alijua ilikuwa ya nani, kwa kuwa ilimalizia kwa namna ambayo mtu mmoja tu duniani alikuwa akimwita, mtu asiyekuwa na desturi ya kutaja jina la mumewe.

"Nimeweka, bwana we."

Ute ulikuwa umeshuka mpaka kwenye kiganja, wa moto, ukidondoka juu ya shuka. Alawi aliuinamia mkono, karibu, mpaka shavu lake likagusa kingo zile zilizolowa, na alikuwa anatapika kidogo kidogo kwa ndani, akimeza, asije akaikatiza.

"Sema tena," alinong'ona.

Duara ilijikunja, ikajikunjua, ikangoja. Ilikuwa na njaa.

Alinyoosha mkono wa kulia mpaka kwenye meza, akauchukua mrashi. Matone matatu.